Ujamaa haukukuta kiwanja kitupu

Makala ya kujisomea kwa wanaosoma ualimu wa Historia na Uraia, na kwa kila anayekwenda mazoezi ya kufundisha Mbeya, Iringa au Njombe

Mwanafunzi mwenzangu, ukipekua desa lolote la kozi ya maendeleo utakutana na sentensi mbili kuhusu Ujamaa. Ya kwanza inasema Ujamaa ulirudisha maisha ya asili ya Mwafrika, ya kusaidiana na kugawana, ambayo mkoloni aliyavuruga. Ya pili inasema Ujamaa uliyavunja maisha ya asili ya Mwafrika kwa kuwahamisha watu kwa nguvu. Tunazikariri zote mbili. Kwenye mtihani moja inakwenda chini ya "faida", nyingine chini ya "hasara", tunapata maksi zetu, basi.

Hebu zitazame tena. Zinagombana, lakini kuna jambo zinakubaliana: kwamba kabla ya 1967 kulikuwa na kitu kimoja kinachoitwa maisha ya asili, kimetulia pale kijijini kikisubiri kurudishwa au kuvunjwa. Hoja ya makala hii ni kwamba kitu hicho kimoja hakikuwepo. Ujamaa ulipofika katika Nyanda za Juu Kusini ulikuta jamii zilizokuwa tayari kwenye safari ya mabadiliko, kila moja na njia yake. Usipojua ilikuwa imefika wapi, huwezi kujua Ujamaa uliibadilisha nini.

Nitatumia sehemu tatu zilizoandikwa sana na watafiti: Rungwe, Isimani na Njombe. Njombe naihesabu pamoja na Iringa kwa sababu wakati huo ilikuwa wilaya ya mkoa huo. Imekuwa mkoa juzi tu, 2012.

Kwa nini tujisumbue? Kwa sababu sisi ndio tutakaosimama darasani kufundisha Historia ya Tanzania na Maadili, tena kwa Kiswahili. Na mbele yetu watakaa watoto ambao babu na bibi zao walihamishwa, au walihamisha wenzao.

Tuanze na tarehe

Mwaka 1962 Mwalimu Nyerere alitoa kijitabu kilichosema msingi wa usoshalisti wa Afrika ni ujamaa, yaani undugu wa familia pana. Humo aliutumia ule msemo wetu: mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe. Tarehe 5 Februari 1967 likaja Azimio la Arusha. Machi mwaka huohuo ikatoka Elimu ya Kujitegemea, ambayo wanaosoma ualimu tunaifahamu, na Septemba ikatoka siasa ya Ujamaa Vijijini. Wakati huo neno kubwa lilikuwa hiari. Watu washawishiwe, wasilazimishwe.

Mfano wa hiari haukuwa mbali na kwetu. Litowa, Songea, watu walikuwa wameanzisha kijiji cha kulima pamoja tangu mwanzoni mwa miaka ya 1960, na vijiji kadhaa vikaungana katika Chama cha Maendeleo cha Ruvuma. Septemba 1969 Kamati Kuu ya TANU ilikivunja chama hicho. Weka alama hapo, maana ni dalili ya mapema kwamba wanakijiji wanaojiamulia mambo yao wanaweza kugongana na chama kilichowaambia wajiamulie.

Novemba 1973 hiari iliisha: kuishi vijijini kukawa amri, na kazi ikamilike kabla ya mwisho wa 1976. Ndipo zikaja operesheni za 1974. Mwaka 1975 ikapitishwa sheria ya kuandikisha vijiji na vijiji vya ujamaa. Kufika 1977 serikali ilitangaza kwamba watu zaidi ya milioni 13 wanaishi katika vijiji zaidi ya 7,600. Kwa kipindi kifupi namna hiyo, hakuna sehemu nyingi duniani zilizowahi kuhamisha watu wengi hivyo.

Rungwe: vijiji vilivyojengwa na watoto

Godfrey na Monica Wilson waliishi Unyakyusa kati ya 1934 na 1938. Godfrey alifariki 1944, na Monica akaendelea kuandika kwa miaka mingi. Kitabu chake cha 1951, *Good Company*, kinaeleza jambo lililowashangaza wasomi wa dunia nzima: Wanyakyusa hawakuishi kwa ukoo, waliishi kwa rika.

Ilikuwa hivi. Wavulana wakifika umri wa miaka kumi hivi, walianza kujijengea vibanda pembezoni mwa kijiji cha baba zao. Walilala huko. Kula walikula kwa mama zao, kwa makundi, leo kwa mama wa huyu na kesho kwa mama wa yule. Wakikua na kuoa waliwaleta wake zao palepale, na vile vibanda vya kitoto vikawa kijiji kamili. Mara moja katika kila kizazi ilifanyika sherehe kubwa, ubusoka, ambamo kizazi cha baba kilikabidhi madaraka kwa kizazi cha wana. Na thamani kubwa kuliko zote ilikuwa ukwangala, yaani raha ya kukaa na wenzako mkazungumza, mkala na kunywa pamoja kwa usawa.

Sasa linganisha na kijitabu cha 1962. Mwalimu anasema msingi ni familia. Mnyakyusa wa mwaka 1935 angekwambia familia ni ya ng'ombe, mahari na urithi. Kuishi ni pamoja na rika lako. Baba na mtoto wa kiume kukaa kijiji kimoja baada ya mtoto kuoa ilikuwa karibu na aibu, kwa sababu ya heshima kati ya mkwe na mke wa mwanawe. Kwa hiyo hapa palikuwa na ushirika wa kweli, ila haukuwa ule wa kijitabu.

Na hata huo haukudumu. P. H. Gulliver aliandika mwaka 1958 juu ya uhaba wa ardhi Unyakyusa. Wanaume walikuwa wakienda machimboni, Lupa kule Chunya na hata ng'ambo ya mpaka kwenye shaba. Waliorudi na fedha walipanda kahawa na kujenga nyumba za kudumu. Mtu akishapanda kahawa na migomba yake, haachi shamba ili akahamie kijiji kipya cha rika. Makanisa ya Moravian na Kilutheri, yaliyofika 1891, yalikuwa yameleta shule na namna nyingine ya kukusanyika. Kitabu cha Monica Wilson cha 1977, *For Men and Elders*, kinafuatilia mabadiliko haya kati ya vizazi, na kati ya wanaume na wanawake, kuanzia 1875 mpaka 1971.

Operesheni zilipokuja, Rungwe ilikuwa imejaa migomba, kahawa na chai, na watu wamebanana. Kwa sehemu kubwa kijiji kiliandikishwa watu wakiwa palepale walipokuwa. Anayeandika kwamba Ujamaa ndio uliua vijiji vya rika vya Wanyakyusa amekosea kwa karibu kizazi kizima. Kahawa, uhaba wa ardhi na safari za machimboni zilitangulia.

Isimani: mahindi, trekta na risasi

Ukitoka Iringa mjini kuelekea Dodoma unateremka mpaka Isimani. Ni pakavu. Lakini miaka ya 1950 na 1960 hapa palikuwa ghala la mahindi. Watu walikuja kutoka sehemu mbalimbali, wakakata msitu na kulima udongo ambao haujachoka. Waliotangulia walipata maeneo makubwa, wakanunua matrekta na kuajiri vibarua.

Rayah Feldman alitafiti hapa na makala yake ikatoka 1974. Alichoonyesha ni kizuri kwa sisi tunaopenda kusema "mila". Watu walidai ardhi kwa njia ya kimila: aliyefyeka ndiye mwenye haki. Kisha ardhi hiyo ya kimila wakaitumia kwa kilimo cha biashara na vibarua wa mshahara. Mila haikuwa imesimama upande mmoja na ubepari upande wa pili. Mila ndiyo ilikuwa mlango. Naye Adhu Awiti wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam aliandika mapema miaka ya 1970 kwamba sehemu ndogo ya wakulima wa Isimani ilikuwa imeshika sehemu kubwa ya ardhi, na wengine walikuwa wamebaki na nguvu zao tu za kuuza.

Katika hali hiyo mwaka 1971 akafika Mkuu wa Mkoa mpya, Dk. Wilbert Kleruu, msomi wa shahada ya uzamivu na mtu wa kasi katika kazi ya vijiji. Tarehe 25 Desemba 1971, siku ya Krismasi, alipigwa risasi na kuuawa na Said Mwamwindi, mkulima, kwenye shamba la Mwamwindi. Mwamwindi alishtakiwa, na mwaka 1972 akahukumiwa kunyongwa.

Kisa hiki tunakijua kama hadithi ya watu wawili. Lakini kisome ukiwa na Feldman na Awiti mkononi. Kwa macho ya serikali Isimani palikuwa na mabwanyenye wanaonyonya vibarua, na hilo halikuwa uongo. Kwa macho ya mkulima palikuwa na mtu aliyefyeka pori kwa jasho lake na sasa anaambiwa shamba ni la wote, na hilo nalo halikuwa uongo. Waliokosa sauti kabisa katika simulizi ni vibarua. Ni wangapi kati yetu tumewahi kujiuliza kibarua wa Isimani aliupokeaje Ujamaa? Huenda yeye ndiye aliyekuwa na cha kupata.

Fasihi ililiona jambo hili mapema. *Dunia Uwanja wa Fujo* ya Euphrase Kezilahabi, ya mwaka 1975, inaishia kwa mwenye shamba kumwua kiongozi wa serikali, na wasomaji wengi wamekiona kisa cha Isimani humo ndani. Waliosoma Fasihi ya Kiswahili wasikiache kitabu hicho kwenye kozi ya fasihi tu. Kinasaidia pia kwenye historia.

Na jambo la mwisho kuhusu Iringa: hata uchifu wenyewe ulikuwa umepitia mikononi mwa serikali. Baada ya Mkwawa kufa mwaka 1898, Wajerumani walitawala wanavyotaka. Waingereza wakaja na utawala wa kupitia machifu katika miaka ya 1920, wakaurudisha ukoo wa Mkwawa madarakani, na miaka ya 1930 mwanaanthropolojia Gordon Brown na afisa wa wilaya Bruce Hutt wakafanya utafiti Iringa ili kuusaidia utawala huo. Adam Sapi Mkwawa, chifu wa Wahehe, akawa Spika wa Bunge mwaka 1962. Mwaka 1963 sheria ikafuta uchifu. Kwa hiyo mzee wa Kihehe wa 1974 alikuwa ameshaiona serikali ikiondoa mila, ikiirudisha, kisha ikiiondoa tena. Operesheni haikuwa mara yake ya kwanza kupangwa upya.

Njombe: familia kama kimbilio

Njombe ina historia nyingine kabisa. Kwa mkoloni, Ubena ulikuwa shimo la kuchota nguvu kazi. Vijana walipelekwa kwenye mashamba ya mkonge kama manamba, na nyumbani soko la mazao halikuwa la maana. James Giblin, akishirikiana na Blandina Kaduma Giblin, alitoa mwaka 2005 kitabu *A History of the Excluded*. Hoja yao kuu ni kwamba watu wa Njombe waliifanya familia kuwa kimbilio dhidi ya dola, mahali pa kujipangia maisha, kusomesha watoto na kutafuta biashara bila kusubiri serikali.

Angalia tofauti. Nyerere alisema familia ni mfano wa taifa: tupanue undugu mpaka uwe nchi nzima. Familia hizi za Njombe ziliutumia undugu kwa kazi nyingine, kujikinga na nchi hiyohiyo. Neno ni moja, "undugu", ila kazi ni mbili. Mtafiti akikuandikia kwamba "watu walipokea Ujamaa kwa sababu ya utamaduni wao wa undugu", muulize undugu wa kazi ipi.

Wasomi wanabishana nini

Goran Hyden, aliyewahi kufundisha Dar es Salaam, alisema mwaka 1980 kwamba mkulima mdogo wa Tanzania hajatekwa na dola wala na soko. Ana uchumi wake wa undugu, na serikali ikimsumbua anajiondokea. Ni hoja nzito na bado inatajwa. Ila ipime kwa sehemu zetu tatu. Mkulima wa Isimani mwenye trekta alikuwa ndani ya soko mpaka shingoni. Manamba wa Njombe alikuwa ametekwa mapema sana. Mnyakyusa mwenye kahawa asingeweza kujiondokea. Shamba lake ndilo lililomshika.

James Scott, mwaka 1998, aliangalia upande wa dola. Alisema nyumba zilizopangwa mistari kando ya barabara ziliifurahisha serikali kwa sababu zinaonekana na kuhesabika kirahisi, hata kama shamba la mtu limebaki mbali. Hilo linatusaidia kuuliza kuhusu vinyungu, yale mashamba ya mabondeni ya Wahehe na Wabena yanayolimwa kiangazi. Aliyesogezwa barabarani alitembea umbali gani kufika kwenye kinyungu chake? Na je, makaburi ya wazee wake yalibaki wapi?

Njia ya tatu ilikuwa ya Marja-Liisa Swantz na wenzake katika mradi wa Jipemoyo, Bagamoyo, katika nusu ya pili ya miaka ya 1970. Wao walitaka wanakijiji wenyewe wawe watafiti, wajadili matatizo yao na kuamua cha kufanya. Kwetu nyanda za juu njia hiyo bado inasubiri watu wake, na watu hao wanaweza kuwa sisi.

Kilichobaki

Mashamba ya pamoja yalikufa. Kilichobaki ni kijiji chenyewe: mwenyekiti, mkutano mkuu, shule ya msingi iliyofuata Azimio la Musoma la 1974, zahanati, balozi wa nyumba kumi, na Kiswahili kama lugha ya mkutano hata pale ambapo nyumbani watu wanaongea Kihehe, Kibena, Kisafwa au Kinyakyusa. Haya ni mabadiliko makubwa ya utamaduni, na mengi yake hakuna anayeyalalamikia.

Kilichobaki pia ni kesi za ardhi. Watu waliopoteza mashamba wakati wa operesheni walianza kuyadai mahakamani. Mwaka 1992 Bunge lilipitisha sheria ya kufuta haki hizo za kimila katika vijiji vilivyoanzishwa. Mwaka 1994 Mahakama ya Rufani, katika kesi ya Lohay Akonaay iliyotoka kaskazini mwa nchi, ilisema haki ya kimila ya ardhi ni mali inayolindwa na Katiba. Kisha ikaja Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya 1999. Kwa hiyo ukisikia ugomvi wa mpaka kijijini leo, usishangae ukianzia 1974.

Ukienda mazoezi ya kufundisha

Mtu aliyekuwa na miaka 20 wakati wa operesheni sasa amevuka 70. Vitabu nilivyovitaja vingi viko kwa Kiingereza, na vijiji vilivyoandikwa humo havina nakala. Wiki zako za mazoezi zinaweza kuokoa kitu. Usiende kwa mzee na swali la "Ujamaa ulikuwa mzuri au mbaya?" Atakujibu kama anavyojibu wageni. Msalimie kwanza kwa lugha yake, "kamwene" ukiwa Iringa au Njombe, "ugonile" ukiwa Rungwe. Kaa, pokea utakachopewa, halafu uliza madogo:

1. Kabla ya kuhamia hapa mlikaa wapi, na mlikaa na nani? Jibu litakuonyesha kama watu waliishi kwa ukoo, kwa rika au kwa ujirani.

2. Shamba la kwanza la familia lilipatikanaje: kwa kufyeka, kurithi, kupewa na chifu, au kununua? Hapo utajua "mila" ya pale ilikuwa na umri gani.

3. Nani alikwenda nje kutafuta kazi, na alirudi na nini?

4. Siku ya kuhama nani alibomoa nyumba, nani alibeba nini, na nini kiliachwa? Hapa waulize akina bibi kando, bila wanaume kuwepo. Mara nyingi kazi ya kuanza upya iliwaangukia wao.

5. Nani alifaidika na kijiji kipya? Usiogope swali hili. Yupo aliyepata shule, aliyepata shamba, aliyepata cheo.

Omba ruhusa kabla ya kurekodi, usitaje jina la mtu bila idhini yake, na ukimaliza acha nakala ya ulichoandika kwenye shule ya kijiji. Karatasi kumi zilizopigwa chapa zinatosha.

Iringa mjini kuna Chuo cha Ualimu Kleruu na kuna Chuo Kikuu Kishiriki cha Elimu Mkwawa. Mwalimu wa kesho anaweza kusoma chini ya jina la mkuu wa mkoa au la chifu, mji uleule. Siku moja mwanafunzi wa kidato cha pili atanyoosha mkono akuulize: "Mwalimu, kati ya Kleruu na Mwamwindi nani alikuwa sahihi?" Usimpe desa. Muulize naye anafikiri lile shamba lilipatikanaje, nani alilima humo kwa ujira, na nyumbani kwao wanasemaje. Kisha mpe wiki moja akaulize.